Ukungu kwenye Upanga wa Jabari

Tangu Nusura aolewe katika nyumba ile ya Old Kampala, mlango wa kwenda juu ya paa haukuwahi kufungwa kwa komeo. Ulikuwa mlango wa bati tu, wa kuzuia paka na mvua. Paa lenyewe lilikuwa la saruji, bapa, lililojengwa na Wahindi wa zamani, na kila mtu wa nyumbani alipanda atakapo: kuanika nguo, kuanika muhogo, kupunga upepo. Na kila mwisho wa Shaabani wanaume wa mtaani walipanda pale kutafuta mwezi wa Ramadhani, kwa sababu mwenye nyumba, Mzee Maftah, ndiye aliyekuwa na macho. Akisema ameuona, msikiti wao mdogo wa mtaani ulifunga saumu. Akisema hajauona, watu walikwenda kula.

Sasa mlango ule ulikuwa unakomewa kwa upande wa paa, na waliojifungia huko ni Mzee Maftah mwenyewe na mjukuu wao, Farhana.

Farhana alikuwa mwalimu wa sekondari, amepanga chumba Kyebando. Zamani alikuja Jumapili tu, analeta ndizi, anakula pilau, anaondoka. Katikati ya Rajabu akaanza kuja jioni za kazi. Alifika na vumbi viatuni, akambusu bibi yake mkono, akamuuliza miguu inaendeleaje, maana hata akiwa amechoka vipi hakusahau kuuliza miguu. Kisha Maghribi ikishaswaliwa, yeye na babu yake walipanda ngazi, na mlango ukafungwa. Hawakushuka mpaka adhana ya Isha.

"Mnafanya nini huko?" Nusura aliuliza siku moja.

"Tunapunga upepo, Bibi."

"Upepo wa kufungiwa mlango?"

"Mlango unagongagonga. Tunaufunga usikusumbue."

Nusura alimtazama mjukuu wake, akaona anakunja ncha ya mtandio kidoleni. Tangu utoto, Farhana akisema uongo alikunja kitu kidoleni.

Tangu siku hiyo alianza kuangalia, na mtu akianza kuangalia, haachi kuona. Aliona kwamba usiku wa mbalamwezi hawapandi; wanangoja siku za giza. Aliona kwamba umeme ukikatika, mtaa mzima ukiguna na watoto wakipiga kelele, sauti ya Mzee Maftah husikika huko juu ikisema, "Alhamdulillah!" Mtu gani anamshukuru Mungu kwa kukatika umeme?

Jioni moja alichukua kikapu cha nguo, akapanda taratibu. Hakuwa mtu wa kutega sikio milangoni. Alijiambia anakwenda kuanua mashuka. Alipofika karibu na mlango alisimama apumzishe magoti, na akiwa pale akasikia.

"Arobaini na mbili?" ilikuwa sauti ya Farhana.

"Ipo," akajibu mzee.

"Arobaini na tano?"

"Hiyo hata usiulize."

"Arobaini na moja?"

"Ngoja. Ngoja kidogo. Imekuja."

"Na thelathini na moja, Babu?"

"Hiyo bado. Inanikataa hiyo."

Nusura alishuka na kikapu kitupu.

Mtu mwingine angezisikia namba zile akadhani ni mchezo. Nusura hakuweza. Katika ukoo ule wa Mzee Maftah, waliofika Kampala na misafara ya biashara wakabaki kuwa walimu wa dini, namba za gizani zilikuwa na historia. Kaka mkubwa wa Maftah, Allah amrehemu, alikuwa na kitabu cha abjadi. Watu walikuja mlango wa nyuma na jina lao na la mama zao. Yeye alizigeuza herufi kuwa namba, akajumlisha, akagawanya, akawaambia nyota yao ni ipi na mume atarudi au harudi. Baba yao alipojua alimfukuza mbele ya majirani, na akawaapisha waliobaki kwamba ndani ya nyumba hii hakuna atakayetafuta ya Mungu kwenye nyota. Nusura alikuwa bi harusi mpya wakati huo. Alikumbuka yule shemeji akifunga kirago, na mkewe akisimama kando bila viatu.

Na sasa Maftah, kwa uzee huu?

Siku chache baadaye Amony alikuja na kibakuli cha odi ya simsim, ufuta uliosagwa laini. Amony alikuwa mke wa askari polisi, Mwacholi wa kaskazini, anakaa nyumba ya nyuma, na hakuna mara aliyosaga simsim bila kuwakumbuka wazee wale wawili. Safari hii alikiweka kibakuli mezani, akakaa kabla hajakaribishwa, akateremsha sauti.

"Hajjat, mimi nasikia Mzee nasoma nyota."

Nusura alijitahidi uso usibadilike. "Nani kakwambia?"

"Hakuna mtu nasema. Mimi naona. Dirisha yangu iko pale. Kila siku taa nyekundu juu ya nyumba yako, kidogo kidogo namna hii, kama jicho ya paka. Bwana yangu akasema, pale kuna kitu. Unajua polisi, hata kuku ikilia usiku yeye nataka kuandika. Mimi nikamwambia, we, nyamaza! Mzee Maftah ni mtu ya Mungu. Kama nasoma nyota, basi nasoma ile nzuri."

"Amony, katika nyumba hii hakuna anayesoma nyota."

"Sawa, sawa, Hajjat. Mimi sijasema kitu." Akainuka, akafika mlangoni, akarudi. "Lakini kama atasoma, tafadhali aangalie Okwera yangu. Ile kijana amefanya intavyu mpaka suruali imechakaa, kazi hakuna. Jina ya mama ni mimi, unajua tayari."

Jina la mama! Nusura alikaa na kibakuli cha odi mbele yake mpaka kikafanya ngozi juu.

Yote hayo angeweza kuyavumilia kama mumewe angemtazama. Hilo ndilo lililomuuma zaidi, na hakulisema kwa mtu. Mzee Maftah alikuwa haangalii tena uso wake. Akimwekea chai, alishukuru akitazama sikio lake. Akimsimulia habari za Salha, binti yao aliyeolewa Jinja, alitikisa kichwa akitazama ukutani karibu na bega lake. Alikuwa mpole vilevile, labda hata zaidi; asubuhi alimwachia maji ya moto, na akisikia anaguna usiku alimsogezea blanketi miguuni. Lakini macho yake yalimkwepa. Msahafu nao alikuwa haufungui. Alisoma kwa moyo, na alipoulizwa alisema, "Nimehifadhi, ya nini kuchungulia?" Nusura alijua mtu anayekwepa macho ya mkewe na maandishi ya Mola wake ana nini. Ana haya. Na mtu haoni haya bure.

Shaabani ikaingia, ikakonda. Siku mbili kabla ya siku ya kutafuta mwezi, Rafiq alibisha hodi.

Rafiq alikuwa na duka la vitambaa kule chini barabarani. Alikuwa mtu wa maneno makavu. Wateja walisema anapima kitambaa kwa mkono na watu kwa ulimi. Kila mwaka alipanda juu ya paa pamoja na wenzake, na kila mwaka alishuka akinung'unika kuhusu ngazi.

"Bi Nusura, Mzee yupo?"

"Yuko msikitini."

"Najua yuko msikitini. Ndiyo maana nimekuja sasa." Akavua kofia, akaivaa tena. "Nataka kukuuliza kitu kwa heshima, na ukinifukuza nitaondoka. Juzi nilimpa mkono, akanipita kama nguzo. Nikadhani ana hasira na mimi. Nikamwangalia. Akampita na imamu vilevile. Mwaka jana tulipanda huko juu watu wengi. Akasema ameuona. Mimi sikuuona, na hakuna mwingine aliyeuona. Tukafunga kwa neno lake. Sasa wewe unaishi naye. Macho yake yakoje?"

"Unamwita mume wangu mwongo ndani ya nyumba yake?"

"Naogopa kumwita. Ndiyo maana nauliza."

"Basi muulize yeye."

"Nikimuuliza mimi, nitakuwa nimemvunjia heshima mbele ya mtaa. Ukimuuliza wewe, ni mazungumzo ya mke na mume." Rafiq akasimama. "Mamia ya watu watafunga au watakula kwa ulimi wake, Bi Nusura. Mimi sitaki kumfedhehesha. Wala sitaki kufunga siku isiyo yangu."

Alipoondoka, Nusura alibaki amesimama pale pale. Mambo aliyokuwa ameyaweka mbalimbali yalianza kusogeleana. Msahafu uliofungwa. Macho yanayokwepa. Mkono usioonekana. Farhana, msichana aliyesoma hesabu mpaka chuo kikuu, akimtajia babu yake namba gizani naye akiziitikia kama mtoto wa madrasa. Haikuwa abjadi. Ilikuwa mbaya kuliko abjadi. Mzee alikuwa haoni, na mjukuu alikuwa akimfundisha mahali mwezi utakapokuwa, kwa hesabu, ili asimame mbele ya watu, anyooshe kidole, na aape.

Jioni ile hakungoja. Maghribi aliswali haraka, jambo ambalo hakulipenda, akapanda kabla yao, akaketi juu ya ndoo nyuma ya tangi la maji. Alisikia mlango ukifungwa. Komeo likalia. Kisha taa ndogo nyekundu ikawaka. Ilikuwa tochi ya kawaida iliyofungwa kipande cha mtandio mwekundu, na Nusura akautambua mtandio wenyewe, ule aliokuwa akiutafuta tangu mwezi uliopita.

Umeme ulikuwa umekatika upande wa Mengo. Mzee alikaa kwenye kiti cha plastiki, akalaza kichwa nyuma, na Farhana akampa darubini ya macho mawili.

"Anza na rahisi. Arobaini na mbili."

"Jabari yule pale, na nyota tatu za mkanda wake," akasema mzee. "Upanga wake unaning'inia. Katikati ya upanga kuna ukungu. Ipo."

"Sasa arobaini na moja. Chini ya ile nyota kali. Usiitazame, Babu! Umeitazama tena. Ukiitazama inakimbia."

"Nimesahau."

"Tazama pembeni yake. Hivyo. Iache ije yenyewe."

Nusura akainuka. Ndoo ikaanguka, ikabingirika mpaka ukingoni. Farhana akapiga kelele, na mzee akageuka upande usio sahihi.

"Ni nani?"

"Ni mimi, Baba Salha. Mkeo. Niko huku, siyo huko." Alisogea hatua moja kuelekea ile taa nyekundu. "Nimeishi nawe maisha yangu yote. Niambieni mnachonificha, au nishuke sasa hivi nikamwambie Rafiq asipande tena hapa."

"Bibi, siyo unavyodhani."

"Hujui ninavyodhani. Na acha kukunja huo mtandio!"

Farhana akauachia. Mzee Maftah aliiweka darubini mapajani, akaongea polepole.

"Macho yangu yameharibika katikati. Daktari aliniambia mwaka huu, Farhana ndiye aliyenipeleka. Pembeni ni mazima. Katikati, pale ninapotaka kuona, pana shimo la kijivu. Nikiufungua msahafu, neno ninalolitaka ndilo lisilokuwepo."

"Na mimi?"

"Wewe?"

"Hunitazami, Maftah."

Hakuwa amemwita kwa jina mbele ya mtoto tangu ujana wao. Mzee akageuza uso, macho yakatua penye sikio lake, palepale kama siku zote.

"Nikikutazama usoni, huna uso," akasema. "Mwanzo niliogopa sana. Nilikuwa nakaa mezani na kitenge na mtandio, katikati hamna mtu. Halafu nikagundua nikitazama sikio lako, uso unarudi. Unarudi wote. Hata sasa nakuona, umekasirika."

Nusura alikaa chini, kwenye saruji yenyewe, bila kuangalia kama ni safi. Farhana akaja akaketi karibu yake, akautandika mkoba wake chini ya magoti ya bibi yake.

"Mbona hukuniambia?"

"Ungemwambia Salha."

"Ningemwambia Salha, ndiyo!"

"Na Salha angeiambia Jinja nzima, na Jinja ingenipigia simu kunipa pole. Nilitaka kwanza nijue kilichobaki ni kiasi gani."

Farhana ndiye aliyeeleza mengine. Zamani, alisema, palikuwa na Mfaransa mmoja aliyewinda nyota zenye mkia. Kila alipodhani amepata, akikesha usiku wa pili anakuta kile kitu hakijasogea. Ni ukungu tu, umekaa palepale. Akachoka kudanganywa. Akaviandika vile vitu vya ukungu kimoja kimoja kwa namba, zaidi ya mia, ili yeye na wenzake wasidanganyike tena. Vingine ni vishada vya nyota nyingi zilizosongamana. Vingine ni mawingu ya gesi, huko nyota zinakozaliwa. Vingine ni galaksi, mikusanyiko ya nyota zisizo na idadi, mbali kupita akili. Na vile vilivyo hafifu kabisa havionekani kwa kukaziwa macho, hata na mwenye macho mazima. Katikati ya jicho la kila mtu ni pofu kidogo gizani. Lazima utazame kando.

"Kwa hiyo nikafikiri," Farhana akasema, "Babu amebakiwa na jicho lilelile wanaloangalizia vitu hivi. Anaweza kujifunza kulitumia. Tukaanza na vya kung'aa, tukaenda vya hafifu. Mlango tunaufunga kwa sababu taa ya ngazini inatuharibia giza; nyekundu haituharibii."

"Na arobaini na tano?"

"Hiyo ni Kilimia tu, Bibi. Hata wewe unaijua."

Nusura akatazama juu, akaiona Kilimia imekaa pale ilipokaa tangu alipokuwa mtoto. Hakujua kama Wafaransa wameipa namba. Farhana akampa darubini, akamwonyesha upanga wa Jabari, na ndani ya vioo Nusura akaona kitu kama pumzi ya mtu kwenye kioo asubuhi ya baridi. Kisha wakamwonyesha arobaini na moja, akatafuta, akatafuta, shingo ikamuuma.

"Sioni kitu."

"Mimi naiona," Mzee Maftah akasema, na kwa mara ya kwanza usiku ule akacheka. "Usiikodolee, Mama Salha. Unaitisha."

"Na ile inayokukataa?"

"Thelathini na moja," Farhana akasema. "Galaksi. Iko chini kule, kaskazini magharibi. Mwanga wake umesafiri zaidi ya miaka milioni mbili."

"Umesafiri kote huko uje utue Old Kampala, na taa zote hizi?" Nusura akatikisa kichwa. "Maskini."

Walicheka wote watatu. Lakini kicheko kilipoisha, lile jambo lilikuwa bado limekaa katikati yao, na Nusura hakuwa mtu wa kuliruka.

"Mwaka jana uliuona mwezi?"

"Niliuona."

"Kwa macho haya?"

"Kwa macho ya mwaka jana."

Alijaribu kuusoma uso wake kwenye ile taa nyekundu, akashindwa. Alitaka kumwamini. Sehemu kubwa ya moyo wake ilimwamini. Sehemu nyingine ilimkumbuka akinyoosha kidole mwaka jana, peke yake, na wanaume wote wakikodoa bure.

"Sikiliza, Baba Salha. Ukungu ni ukungu, ukikosea hakuna anayelala njaa. Mwezi unauapia. Kesho kutwa watapanda hapa, na watu wote watakungoja wewe. Ukisema umeuona na umebahatisha, mimi nitasema mbele yao. Nitasema macho yako yakoje. Uniache baadaye kama unataka kuniacha."

"Bibi!" Farhana akasema.

"Mwache," akasema mzee. Adhana ya Isha ikaanza, kwanza kutoka msikiti mkubwa wa kilimani, kisha ule mdogo wao.

Siku ile ikafika. Wanaume walipanda kabla jua halijazama, wengi kuliko mwaka uliopita. Nusura alijua ni kwa nini. Maneno ya Rafiq yalikuwa yamepata miguu, au wengine nao walikuwa wamempa mkono wakapitwa. Walimsalimia Mzee Maftah kwa adabu, halafu wakasimama nyuma yake wakimtazama yeye badala ya mbingu. Nusura alisimama mlangoni na birika la chai ambalo hakuna aliyelitaka. Farhana alikuwa kando yake, na darubini imefichwa chini ya mtandio.

Jua likashuka nyuma ya kilima cha Namirembe. Upande wa magharibi ulikuwa na mawingu membamba, ya rangi ya udongo, yaliyochanikachanika. Waliswali Maghribi palepale juu, wakainuka, na sasa kila mtu akatafuta.

"Kule," akasema mmoja.

"Hicho ni kiwingu."

"Na kile?"

"Ndege hiyo, bwana. Inatua Entebbe."

Kichwa cha Mzee Maftah kilikuwa kimegeukia kusini kidogo, mbali na mahali jua lilipozama, na macho yake yalikuwa kwenye mapaa ya Mengo. Kijana mmoja akamkonyeza mwenzake. Mwenzake akaziba mdomo.

"Mzee," akasema Rafiq, na sauti yake ilikuwa ya chini kuliko kawaida. "Magharibi iko huku."

"Najua magharibi iko wapi, Rafiq. Nilikuwa natafuta mwezi hapa wewe ukinyonya kidole."

Wakacheka kidogo, kwa kumheshimu. Muda ukaenda. Wekundu ukaanza kufifia juu ya Namirembe. Nusura alimwona mumewe akiyahamisha macho, polepole, kama mtu anayepapasa ukuta gizani, kisha akayatuliza. Bega lake likakaza. Aliijua ile namna ya kukaza; aliiona mwaka jana, na miaka yote ya nyuma. Baada ya hapo ndipo kidole kilipokuwa kikinyooka.

Nusura akalitua birika chini.

"Kuna kitu," akasema Mzee Maftah.

"Allahu Akbar!" mmoja akaanza.

"Ngoja! Sijamaliza." Akageuka kwao, na macho yake yakatua mahali fulani kati ya vichwa vyao. "Miaka yote nimesema nimeuona, mkaondoka. Leo msiondoke. Macho yangu yameharibika katikati, na wengine mmeshajua, mnaona haya kusema. Namshukuru aliyeona haya. Pembeni bado naona. Na pembeni kuna kitu chembamba, juu ya ule mnara wa simu, mkono wake wa kushoto, kama upana wa vidole viwili. Kinaweza kuwa mwezi. Kinaweza kuwa wingu lililoguswa na jua. Mimi sitauapia. Mwenye macho mazima atazame pale, aape yeye."

Nusura aliwaona wakitazamana, na akamwona yule kijana aliyekonyeza akiangalia viatu vyake. Kisha Rafiq akapiga hatua mbele, akasimama ubavuni mwa mzee, akanyoosha mkono, akapima vidole viwili kando ya mnara.

"Hapa?"

"Chini kidogo."

"Sioni."

"Wingu linapita. Ngoja."

Wakangoja. Nusura naye alijongea mpaka ukingoni. Hakukumbuka kama kuna mwanamke aliyewahi kusimama hapo saa ile, wala hakuna aliyemzuia.

"Naam," Rafiq akasema ghafla. "Naam! Nauona."

Kwa Nusura, ile naam ilikuja upesi mno. Rafiq alikuwa mtu wa kukataa kwanza, mbona amekubali? Amemwonea huruma. Amesimama karibu na mzee aliyejivua nguo mbele ya watu, akaamua kumfunika kwa uongo wake mwenyewe. Nusura akautafuta mnara, akapima kwa vidole vyake vilivyokunjamana, akaona wekundu tu, na wingu, na tena wingu.

"Rafiq," akasema, "usimhurumie."

"Bi Nusura, mimi nimewahi kumhurumia nani? Tazama. Usiangalie wingu, angalia lilipochanikia."

Wingu likasogea, na ukawapo: umelala chali, mwembamba mno, na kila alipoukazia macho ulikuwa kama unayeyuka. Farhana akatoa darubini sasa bila kujificha, ikapita mkono kwa mkono. Mzee mmoja akauona, na imamu akauona, na yule kijana akauona akapaza sauti kuliko wote. Takbira zikapanda. Kutoka dirisha la nyuma Amony akauliza kwa kelele kama kuna moto.

"Hapana! Ni mwezi!" Farhana akamjibu.

"Ah! Basi kesho mimi sipiki mchana, nisiwatese na harufu!"

Imamu akampigia simu yule aliyehusika kupigiwa, akataja majina ya walioshuhudia. Jina la kwanza lilikuwa la Rafiq. Jina la Mzee Maftah hakulitaja, na mzee alitikisa kichwa kukubali kabla hajaulizwa. Mikono yake ilikuwa nyuma, mmoja umeushika mwingine kwa nguvu. Nusura alikwenda akasimama karibu naye, akagusa kiwiko chake, akaacha mkono wake pale.

"Utaniacha?" akamuuliza kwa sauti ndogo.

"Nani atanionyesha soksi zangu?"

Watu wakaanza kushuka, wakiongea wote pamoja, habari za daku na bei ya tende. Ngazini palikuwa giza. Umeme ulikuwa umekatika tena. Rafiq alikuwa ametangulia mbele ya Mzee Maftah, na alikuwa ameanza kunung'unika kama kila mwaka.

"Ngazi gani hizi, Mzee? Hii ya juu ndefu kama ya msikiti. Hii nayo nyembamba. Hapa zinapinda kulia, utafikiri fundi alikuwa amelewa. Hii hapa imebanduka saruji, mtu akiikanyaga kati anavunjika. Sasa tambarare, angalau. Halafu zinaanza tena, ah!"

"Si uache kupanda, kama zinakuchosha," akasema Mzee Maftah nyuma yake, akishuka bila kuguswa na mtu, mguu baada ya mguu.

"Nitapanda. Lakini nitalalamika."

Nusura alikuwa nyuma yao na birika lake la chai. Alisikiliza kila ngazi ikitajwa kabla mguu wa mumewe haujaifikia, mpaka ngazi ya mwisho, na walipofika chini akamwambia Rafiq asiondoke kwanza, chai bado ni ya moto.